Bega la Kipa

Kengele ya chakula ilipolia, Wa Kule alichukua sahani yake akaenda kukaa karibu na bomba la maji, mahali pake pa kila siku. Jina hilo hakupewa na wazazi. Alibandikwa na darasa zima, kwa kuwa alihamia hapo kutoka shule ya ng'ambo ya mto, baba yake, fundi bomba, alipopata kazi upande huu.

Shule hizo mbili zilikuwa zikigombea kikombe kimoja chenye mkono uliovunjika tangu enzi za wazazi wao. Mechi ikikaribia, hata mashangazi waliosoma pande tofauti hununiana. Hakuna aliyempiga Wa Kule wala kumtukana. Akikaa tu, wenzake walihama benchi.

Siku moja kabla ya mechi, nahodha wa timu ya wasichana alimfuata pale bombani.

"Eti ulikuwa unakaa dawati moja na kipa wao?"

"Ndiyo. Ni rafiki yangu."

"Basi tuambie, anashindwa wapi?"

Wa Kule alijua. Kipa aliumia bega la kushoto mazoezini, akamwambia yeye tu, akiogopa kuachwa nje ya timu. Wa Kule alitazama benchi la wenzake lililojaa vicheko. Alitamani sana kukaa pale.

"Mpigieni kushoto," alinong'ona.

"Kumbe wewe ni wetu!"

Mchana ule alikula katikati ya wenzake, akacheka hata pasipochekesha.

Kesho yake mipira yote ilipigwa kushoto. Kipa aliokoa miwili. Wa tatu aliurukia, akaangukia bega, mpira ukaingia wavuni. Uwanja ulilipuka kwa shangwe. Alipopitishwa mbele ya mashabiki, ameushika mkono wake, kipa alimwona Wa Kule.

"Nilikuambia wewe tu," alisema.

Wenzake walikuwa wakimkumbatia, lakini Wa Kule alijiona mpweke kuliko siku zote za bombani. Alijichomoa, akamfuata kipa hadi chumba cha muuguzi wa shule.

"Ni mimi niliyesema," alimwambia huku akilia. "Nilichoka kukaa peke yangu. Nisamehe."

Kipa aligeuza uso kuelekea ukutani. Muuguzi alimaliza kulifunga bega, kisha akawatazama wote wawili.

"Makubwa haya! Wewe, mwanangu, ulilificha bega mahali pa kusema. Na wewe ukalisema mahali pa kuficha. Ukiumia, mwambie muuguzi au mwalimu, utibiwe mapema. Na marafiki unaowapata kwa kutoa siri ya mwenzako, shangwe zikiisha nao wameondoka."

Nje, kelele zilikuwa zimeanza kupungua. Hakuna aliyekuja kumtafuta Wa Kule. Alisimama mlangoni, hajui aende wapi.

Kipa alisogea kidogo kitandani.

"Bado nimekasirika," alisema. "Lakini kaa."