Udi Katika Nyumba ya Eda

Bi Despina Vranou alikuwa amekufa kitini, na wakati huohuo alikuwa akicheka kwenye televisheni.

Inspekta Yaqdhan alisimama mlangoni. Kitini alikuwepo bibi kizee mwenye nguo nyeupe za eda, kichwa kimelalia bega. Kwenye skrini alikuwa yuleyule, kijana mbichi, anacheka kwa sauti katika filamu ya zamani ya Kigiriki.

"Zima hiyo," alimwambia Koplo Hajar.

Wazee wa Matrah, mji wa bandari wa Oman, walimjua marehemu. Alikuwa nyota wa sinema za Athens, akaiacha kamera, akasilimu na kuolewa na Harub, baharia mwenye asili ya Unguja. Watazamaji wake walimpendea kufa. Hakuna aliyekufa vizuri kama yeye kwenye filamu. Harub alifariki mwezi uliopita, na tangu hapo mjane hakutoka nje.

Daktari alifunua kope za maiti. "Madoa ya damu machoni. Amezibwa pumzi, na nadhani ni kwa mto huu."

Mlango haukuvunjwa. Wenye funguo walikuwa wawili: Phyllis, Mkenya, mfanyakazi wa ndani, na Shaikha, binti wa Harub kwa mke wa kwanza, anayeishi kitongoji cha Al Amerat. Koplo Hajar alishapata mkosaji wake, kama ilivyo ada pakiwa na mfanyakazi wa ndani.

"Nimtie pingu, afande?"

"Kwanza nizungumze naye."

Phyllis alikuwa jikoni.

"Ulikuwa wapi?"

"Juu kwa paa, naanika nguo. Nikasikia mtu anakimbia hapo chini. Mama miguu ilikuwa inamuuma, hawezi kukimbia."

"Hukushuka?"

"Niliogopa, afande! Nikajificha nyuma ya tangi la maji." Akaangua kilio. "Ningeshuka angekuwa hai. Sasa mtanifunga mimi, na mtoto wangu ako Nakuru ananingoja."

Yaqdhan alivaa glavu, akauinua mto na kuunusa. Udi. Harufu ilikuwa bado mbichi.

"Mnafukiza udi humu?"

"Hapana. Tangu mzee afe Mama alikataa. Hata sabuni ya harufu aliniambia nirudishe dukani. Mjane wa eda hajitii manukato, ndivyo alisema."

Chetezo kilikuwa kabatini, kimejaa vumbi. Nguo za Phyllis zilinuka dawa ya kufulia tu. Basi mto ule ulikumbatiwa na mtu aliyefukiza nguo zake kabla ya kutoka, kama wanawake wengi wa mji ule wafanyavyo, hata pua zao wenyewe zikaizoea harufu ile.

"Na filamu hii?"

"Kila siku, afande. Pahali pamoja tu. Ikipita, anarudisha nyuma."

Yaqdhan aliwasha televisheni, akapatazama mahali hapo. Halafu akaagiza Shaikha aitwe. Phyllis alipelekwa kituoni, akafungiwa chumbani huku akiomba Mungu kwa sauti.

Alasiri Shaikha aliingia chumba cha mahojiano. Harufu ya udi ilimtangulia.

"Mara ya mwisho kwenda kwa Bi Despina ni lini?"

"Tangu khitma ya baba sijatia mguu. Mie nna wajukuu wa kulea, mwanangu."

"Leo asubuhi?"

"Nshakwambia."

"Mto uliomuua unanuka udi."

"Nyumba yetu ile. Udi utakosekana?"

"Umekosekana. Alikuwa anakaa eda."

"Eda!" Shaikha aliruka. "Yule alikuwa akiigiza! Mjane gani huyo, akae eda huku anajitazama kwenye televisheni, anacheka peke yake..."

Koplo Hajar aliacha kuandika.

"Ulimwona lini akicheka, bibi?"

Shaikha alitazama mikono yake kwa hofu, utadhani si yake.

"Mama yangu Rawya alikufa akimwita baba," alisema. "Baba yuko Athens, anamtazama huyu akifa kwenye sinema. Kila filamu hufa, kisha huamka. Mama yangu hakuamka. Leo nkamkuta, kaburi la baba halijakauka, anaichekea ile skrini. Nkachukua mto. Nlitaka anyamaze tu."

"Hakupigana nawe?"

"Hakupigana. Alinyoosha mkono kwenye televisheni."

Yaqdhan alimwashiria Hajar akamfungulie Phyllis. Kisha akaigeuza kompyuta ya mezani imwelekee Shaikha, akamwonyesha filamu ileile ya Bi Despina.

Barabara ya Athens, mvua. Despina kijana anakimbia akicheka. Nyuma yake anapita kijana mwembamba, mkate kwapani. Anateleza, anajishika, anageukia kamera na kujifunika uso kwa haya, anacheka.

Shaikha alisogea mpaka pumzi yake ikatia ukungu kwenye kioo.

"Baba," alisema.

"Hapo ndipo Bi Despina alipokuwa akiparudia kila siku."

Yule kijana akapotea pembeni mwa picha. Shaikha alinyoosha mkono kumfuata, vidole vikagota kwenye kioo.

"Rudisha nyuma, mwanangu," alinong'ona. "Nakuomba, rudisha."