Mwandiko wa Mtu Mmoja

Foleni ya duka la fotokopi, mkabala na mahakama, ilikuwa imemwagika hadi barabarani. Kwenye kaunta, kibarua wa mitaro ya serikali alijaza fomu ya madai kwa madaha, shati lake jeupe limepigwa pasi likakakamaa. Wenzake walimwita Mhandisi. Nyuma yake alisimama dada mmoja wa gauni la kijani, amekumbatia faili, macho yamenasa kwenye kalamu ya kijana.

"Herufi zako zina mikia mirefu," akasema. "Utaishiwa karatasi."

"Dada, umekuja kupanga foleni au kusahihisha mtihani?"

Dada akacheka, lakini hakumwambia kwamba mikia ile aliijua. Alikuwa karani wa mahudhurio makao makuu ya idara hiyo hiyo, na kila mwisho wa mwezi daftari la vibarua wa mitaro, lililoandikwa kwa mikia hiyo hiyo, lilipita mikononi mwake.

Wakapeana namba. Ikawa kila mchana Mhandisi anapiga simu kumsomea mashairi aliyotunga mtaroni, akimwita mahabuba, naye anahesabu mizani kwa vidole na kumwambia mstari wa tatu unachechemea. Kila alipoulizwa kazi yake, alijibu ofisini tu, akageuza mazungumzo.

Vibarua arobaini na mmoja walikuwa wanadai ujira wa miezi saba. Serikali ilisema daftari lao ni la uongo. Asubuhi ya kesi Mhandisi akaona jina la mahabuba wake, karani wa mahudhurio, kwenye orodha ya mashahidi wa serikali, kisha akaona gauni la kijani likiingia.

"Ulinipenda, au ulikuwa unachunguza mwandiko?" alimuuliza koridoni.

"Niliogopa ungeniacha mapema."

"Basi nimechelewa kidogo tu."

Akamwacha amesimama. Dada akampigia mara nne, Mhandisi akiitazama simu inavyotetemeka kiganjani.

Karani alipopanda kizimbani, wakili wa serikali alifungua daftari. Kibarua mmoja alikuwa amelazwa hospitali siku kumi na nane, ila kila siku ameandikwa yupo. Akataka kujua mwandiko ule ni wa nani.

"Wa mtu mmoja," karani akajibu. "Yule pale wa shati jeupe."

Mhandisi akainamisha kichwa. Hakimu akamuuliza karani kama alilijua jambo hilo kabla.

"Nilijua, mheshimiwa. Kibarua akikosekana siku tatu anafutwa. Wenzake waligawana kipande chake cha mtaro, wakakizibua kila siku. Msimamizi wao alinieleza, nikapitisha kwa saini yangu. Aliyeandikwa hakuwepo, lakini kazi yake ilifanyika."

Wakili akamkumbusha kwamba maneno hayo yanaweza kumfukuzisha kazi.

"Najua. Umeniita niseme kweli, na kweli haikuishia pale ulipotaka."

Hakimu aliandika kwa muda mrefu. Kisha akasema siku zile kumi na nane zitahesabiwa kuwa siku za kazi na daftari litapokelewa. Hukumu akaipangia mwisho wa mwezi. Vibarua wakatoka wakikumbatiana.

Karani alishuka ngazi peke yake, haraka. Simu ikaita. Akapokea bila kusimama.

"Geuka," sauti ikasema.

"Sigeuki. Sema hivyo hivyo."

"Nimekosa."

"Sikusikii, kuna magari."

"Nimekosa, mahabuba," akasema kwa sauti iliyowageuza wapita njia. Alikuwa hatua kumi nyuma yake. "Nilikuhukumu kabla hujafungua mdomo."

"Na mimi nilikuficha kazi yangu. Hilo ndilo kosa langu." Akapunguza mwendo. "Huenda kesho sina kazi."

"Mimi ninayo, ila hainilipi. Nani mwingine atatutaka? Nataka kuja kwenu kumwona mama."

"Mama atakuuliza maswali mengi."

"Nitamjibu yote. Hata hili la miezi saba."

"Ukimwambia hilo atakukataa."

"Sasa nifanyeje?"

Akageuka, simu bado sikioni, machozi yameharibu wanja na hajali.

"Uje Jumapili," akasema. "Akikukataa, safari hii nitakuwa shahidi wako."