Rudisha Mwanzo, na Mwenzio Aone

Haya yalimkuta rafiki yangu, mwenye duka la kukodisha kanda za video. Wateja walihamia kwenye simu mmoja mmoja, mkewe akafariki, mwishowe umeme ukakatwa. Mchana mmoja akaenda kufungasha kanda zilizobaki akazitupe.

Chumba cha nyuma kilikuwa giza totoro. Humo akasikia mashine ya kurudishia kanda mwanzo ikivuma, kisha ikajizima: tak. Marehemu hakuchoka kuwagombeza wateja, "Rudisha mwanzo, na mwenzio aone."

"Mama watoto," akaita, "wa kuona ni nani tena?"

Akapapasa, akachomoa kanda. Ilikuwa ya moto. Akageuka aondoke nayo, na nyuma yake mashine ikameza nyingine.