Nyuki wa Mzee Gasore Walimchoma Nani?

"Toka kwangu! Muongo weye!"

Mzee Gasore alisimama katikati ya ua wa nyumba yake pale Iroquois, Louisville, fimbo mkononi, akimfokea kijana ambaye saa moja iliyopita alikuwa akimwita mwanangu. Wageni arobaini waliacha sahani zao. Olivier, aliyeondoka Columbus alfajiri na suti mpya, alikuwa ameushika mkono wake wa kulia, umevimba kama andazi.

Kosa lake? Alisalimia mzinga.

Familia hizi ziliposhuka milima ya Kivu kuja Amerika, kila ukoo ulikuja na mzinga wake. Mizinga ilifanyiwa usaili na kupewa karatasi kama watu, kwa sababu nyuki wale walikuwa wanajua uongo. Hakuna binti aliyeolewa kabla mchumba hajausalimia mzinga, yaani kuingiza mkono ndani mbele ya wazee. Nyuki wakimwacha salama, ndoa ipo. Wakimchoma, Louisville nzima ilijua maana yake: huyo ni muongo, ana mwanamke mwingine, afukuzwe.

"Papa Gasore, miye sijadanganya mutu," alisema Olivier.

"Zimekuchoma mara saba! Donc nyuki njo zinadanganya?"

"Sijui, Papa. Lakini miye hapana."

"Funga kinywa! Leo leo napigia pasta wa Columbus simu. Ataambia makanisa yote, tuone nani atakupa binti yake!"

Kando ya mlango alisimama Ingabire, binti wa mzee na bibi harusi mtarajiwa, uso ameukunja. Ukweli ni kwamba moyoni alikuwa anashukuru. Mwaka mzima alikuwa na mpenzi wake Buffalo, anaitwa Elisée. Olivier alichaguliwa na baba, na Ingabire akakosa ujasiri wa kusema hapana. Kila mwezi alimdanganya Olivier kwamba anakwenda Buffalo kumuuguza koko, bibi yake mzaa baba. Sasa nyuki wamemsaidia kazi: ndoa inavunjika, na lawama si zake!

"Ingabire," Olivier alimgeukia, "waambie basi. Unanijua. Niko na mwanamuke mwengine?"

Watu wote wakamtazama. Angeweza angalau kunyamaza.

"Nitajua je? Weye uko Columbus, miye niko hapa. Kumbe njo maana simu zangu haushikaka!"

Uongo mchana kweupe. Kijana yule hata chooni kazini alikwenda na simu, asije akaikosa sauti yake.

"Unasema vile kweli, chérie?"

"Usiniite chérie! Rudia malaya wako!"

Mama mmoja akasonya. Mwingine akatema mate karibu na kiatu cha Olivier, na kijana wa watu akaanza kutafuta funguo za gari kwa mkono wa kushoto.

Hapo simu ya Mzee Gasore ikaita. Ni mama yake, Koko Nyirangabo, kutoka Buffalo. Mzee akaweka sauti kubwa, wote wasikie, kama kawaida yake.

"Mama, umepiga saa mubaya. Nyuki zimekataa mukwe, Olivier."

"Zimemuchoma?"

"Mara saba."

"Maskini! Nani anamudanganya?"

"Mama, yeye njo muongo."

"Nani alikufundisha vile, Gasore? Weye ulitoka mulimani na myaka sita, ukakulia mu kambi ya wakimbizi. Nyuki hazichomaka muongo! Zinachomaka mwenye kudanganywa, apate kuamuka!"

Ingabire akamwendea baba yake haraka.

"Papa, kata simu. Rezo ni mubaya, hatusikie vizuri."

"Rezo ni muzuri," alijibu koko. "Na miye njo nilikuwa napiga juu ya mambo hayo. Asubuhi kijana mumoja wa hapa, Elisée, amekuja kusalimia muzinga wangu. Anasema anataka kuoa Ingabire. Nyuki zimemuchoma, yuko hapa na miye, jicho moja halifunguki. Bon, nawauliza: nani anadanganya hawa vijana wawili?"

Vichwa arobaini viligeuka kwa pamoja.

Sauti ya kiume ikaingia kwenye simu. "Ingabire? Wanasema mukwe gani? Uliniambia Olivier ni ndugu tu wa choir!"

"Elisée, ngoja, nitakueleza..."

"Usinieleze kitu. Futa namba yangu."

Fimbo ikamdondoka Mzee Gasore. Alitaka kumshika Olivier bega, mkono ukaishia hewani kwa aibu.

"Nilikuwa naogopa Papa," Ingabire alilia. "Olivier, nisamehe."

"Miye nilikuogopesha lini? Ungenipigia simu, useme sitaki, ningelia siku zangu mbili na yangeisha." Olivier alikuwa ameshazipata funguo. "Hata huyo wa Buffalo ningekusamehe. Lakini umeona nachomwa, na weye ukanichoma juu yake. Hiyo sisamehe."

Akapanda gari, akaondoka.

Ingabire aliukimbilia mzinga, akatumbukiza mikono yote miwili hadi viwiko.

"Nichomeni!" alipiga kelele. "Nichomeni na miye!"

Nyuki walimtambaa vidoleni, wakamzunguka, wakaendelea na kazi yao. Alikaa pale mpaka wageni wote wakaondoka, na hakuna hata nyuki mmoja aliyemchoma. Katika watu wote waliompenda, hakuna aliyewahi kumdanganya.