Kikaratasi Kwenye Gauni

Mama Pindo alikuwa fundi cherehani. Kila gauni likiisha, alilibania kikaratasi chenye jina la mteja, vipimo, namba ya simu na nyumba anayokaa. Kisha alilipiga picha na kuirusha mtandaoni. Biashara ni matangazo, bwana!

Asubuhi moja wifi yake aliingia bila hata hodi. Macho yalikuwa yamemtoka.

"Wifi, umeniua!"

"Mungu wangu! Nimefanya nini?"

"Mwanamume nisiyemjua kanipigia simu. Kanitajia jina langu, nyumba yangu na kiuno changu. Kiuno, wifi! Hata kaka yako hakijui!"

"Mimi simwambii mtu vipimo vya mteja!"

Fundi simu wa mlango wa pili alisikia kelele, akaja. Aliomba simu ya Mama Pindo. Akafungua picha ya gauni la bluu la wifi, akaikuza kwa vidole viwili. Kikaratasi kikajaa kwenye kioo. Kila herufi ilisomeka.

Mama Pindo alishika kichwa. Kumbe mwezi mzima alikuwa akiwaanika wateja wake hadharani!

"Ninyi mnaangalia gauni," alisema fundi simu. "Mwenye nia mbaya anaangalia pembeni. Kabla hujarusha picha, ikuze, uikague kila kona."

"Basi nizifute?"

"Zote. Lakini aliyezihifadhi bado anazo. Wapigie wateja, uwaambie ukweli. Na wewe dada, mzuie huyo mtu kwenye simu yako. Akizidi, nenda polisi."

Wifi hakuaga. Alichukua kitambaa chake kingine kilichokuwa kinasubiri kushonwa, akaondoka. Mama Pindo alilia. Kisha alipanguza machozi, akawapigia wateja kumi na mmoja. Wawili walimtukana. Aliwaomba radhi, maana kosa lilikuwa lake.

Baada ya wiki mbili, wifi alirudi na kitambaa kilekile. Hakikuwa kimekatwa. Alisimama mlangoni, akitazama gauni lililotundikwa. Kikaratasi chake kilikuwa na namba tu: saba.

"Majina yako wapi?"

"Daftarini. Daftari liko kwenye droo, na ufunguo ninao mimi."

Wifi alitoa simu yake, akatafuta picha mpya za Mama Pindo. Alizikuza moja moja, kona kwa kona, kama anayetafuta chawa. Hakuona jina wala namba ya mtu.

Alikunjua kitambaa juu ya meza.

"Haya, nipime. Ila kile kiuno cha mtandaoni usikifuate, kimeshaongezeka."