Miguu ya Skola na Bendera

Skola ana miguu miwili. Na hiyo miguu, jamani, haitulii!

Akipiga mswaki, inacheza. Akinywa uji, inacheza chini ya meza.

Tiki-tiki-ta! Tiki-tiki-ta!

Skola anasoma darasa la pili. Shule yake iko Mbinga, juu milimani. Asubuhi kuna baridi, na kila mtoto huvaa sweta.

Katikati ya uwanja wa shule kuna mlingoti. Ni mrefu! Unalipita paa, unaupita hata mparachichi wa mwalimu mkuu.

Kila asubuhi, bendera ya Tanzania hupanda mpaka kule juu.

Kwanza filimbi inalia. Piiiii!

Hapo kila mtu anasimama. Tuli!

Watoto tuli. Walimu tuli. Baba anayepita na baiskeli anashuka, anasimama tuli.

Mama mwenye ndoo kichwani naye tuli. Maji yanamdondokea puani, do, do, do, na wala hajifuti.

"Bendera ikipanda, hatutikisiki," husema Mwalimu Hyera. Yeye ndiye mwalimu wa darasa la pili.

Basi hakuna anayetikisika, isipokuwa wawili. Mmoja ni Popi, mbwa wa mlinzi. Mwingine, haya, unamjua.

Tiki-tiki-ta! Tiki-tiki-ta!

Siku moja Mwalimu Hyera aliingia darasani huku anacheka.

"Watoto, nina habari! Wiki ijayo ni zamu yetu. Darasa la pili litapandisha bendera!"

"Yeeeee!" Darasa zima lilipiga kelele. Popi akabweka huko nje.

"Mmoja wenu atavuta kamba," alisema Mwalimu.

"Mimi, Mwalimu! Mimi! Mimi!" Skola alikuwa ameshapanda juu ya dawati.

"Shuka, Skola. Kesho asubuhi filimbi ikilia, nitawaangalia. Atakayesimama tuli kuliko wote ndiye atakayevuta kamba."

Skola alishuka. Akaitazama miguu yake. Ilikuwa inacheza.

Masikini Skola! Alitaka kuvuta ile kamba kuliko kitu chochote. Kuliko maandazi. Kuliko hata Krismasi.

Alirudi nyumbani mdomo ameuvuta mbele.

Bibi alikuwa uani, anapeta maharage. Shwaa, shwaa! Makapi yaliruka, maharage yakabaki kwenye ungo.

"Shikamoo Bibi."

"Marahaba mjukuu wangu. Nani kakuchokoza?"

"Miguu yangu!" alisema Skola. Machozi yakamtoka. "Haitaki kutulia. Nami nataka kupandisha bendera!"

Bibi aliweka ungo chini. Hakucheka. Haya, alicheka kidogo tu.

"Hiyo miguu umeitoa kwangu," alisema. "Mimi nilikuwa hivyo hivyo. Sasa niambie, filimbi ikilia, macho yako huwa yanatazama wapi?"

Skola alifikiri. "Kwa Popi. Kwa mama wa ndoo. Kwa Benigna wa darasani kwetu, maana huwa ananitolea ulimi."

"Basi macho yako hayana kazi. Yape kazi. Yatazame bendera, uzihesabu rangi zake. Uone kama miguu haitasubiri."

"Rangi zenyewe ni zipi?"

"Haa! Kila siku bendera inapanda mbele yako, na hujui rangi zake?"

Skola aliinamisha kichwa. Kweli, alikuwa hajawahi kuitazama vizuri.

Bibi alimshika mkono. "Twende tukazitafute."

Wakaenda nyuma ya nyumba. Huko kulikuwa na migomba, na mikahawa, na maharage mengine mengi.

"Kijani!" alisema Skola.

"Naam. Kijani ni mashamba yetu, na misitu, na majani yote unayoyaona."

Bibi alichimba udongo kidogo kwa jembe. "Na huku ndani?"

"Minyoo!"

"Zaidi ya minyoo, wewe mtoto! Ndani ya ardhi kuna madini. Kuna dhahabu inayong'aa. Ndiyo njano ya bendera."

Kisha Bibi aliweka mkono wake juu ya mkono wa Skola. Mkono mkubwa, mkono mdogo. "Na hii?"

"Nyeusi!" Skola alirukaruka. "Nyeusi ni sisi!"

"Sisi wenyewe, watu wa nchi hii. Tumepita katikati, kutoka pembe ya chini mpaka pembe ya juu."

"Na buluu, Bibi? Buluu iko wapi?"

Bibi alinyoosha kidole kule milima inakoishia. "Huko chini liko Ziwa Nyasa. Buluu ni maziwa yetu, na mito, na bahari."

Skola alizihesabu zote kwa vidole. Alipomaliza, wimbo ulikuwa umeshatoka wenyewe.

Kijani shambani,
njano ardhini,
nyeusi ni sisi,
buluu majini!

"Lakini nilipokuwa mdogo kama wewe," alisema Bibi, "bendera yetu haikuwa na buluu."

Skola alitoa macho. "Haikuwa na buluu? Kwani ziwa halikuwepo?"

"Ziwa lilikuwepo, ndugu yangu! Buluu ndiyo haikuwepo. Nchi yetu iliitwa Tanganyika. Bendera yake ilikuwa kijani, njano na nyeusi."

"Sasa buluu ilikuwa kwa nani?"

"Kwa Zanzibar. Hao walikuwa na bendera yao. Buluu, nyeusi na kijani."

"Halafu?"

"Halafu tukaungana. Nchi mbili zikawa moja, Tanzania. Ikatakiwa bendera moja."

"Wakagombania rangi!" alisema Skola. Yeye na Benigna hugombania rangi kila siku.

"Wala! Sisi tulileta njano, wenzetu wakaleta buluu. Nyeusi na kijani, kumbe wote tulikuwa nazo tangu mwanzo."

Skola alifurahi mno. Hakuna aliyenyang'anywa rangi yake! Zote ziliingia!

"Sasa tujaribu," alisema Bibi. Aliianika kanga yake ya kijani kwenye kamba ya nguo. Akaweka vidole mdomoni.

Piiiii!

Skola alisimama. Kuku akamdonoa kidole cha mguu. Skola akaruka!

"Tena," alisema Bibi. Piiiii!

Kijani shambani, aliimba Skola kimoyomoyo. Njano ardhini. Nyeusi ni sisi. Buluu majini.

Kuku alidonoa tena. Mguu wa Skola ulikuwa pale pale.

"Bibi, umesubiri!" alipiga kelele Skola. "Mguu wangu umesubiri!"

Asubuhi yake Skola alitangulia kufika shuleni. Hapakuwa na upepo hata kidogo.

Watoto walijipanga mistari. Darasa la pili lilikuwa mbele kabisa, karibu na mlingoti.

Siku hiyo kamba alikuwa anaivuta Osmundi, kiranja mkuu wa darasa la saba. Osmundi alikuwa amechelewa. Aliifunga bendera mbio mbio, sweta lake limegeuzwa nyuma mbele.

Piiiii!

Tuli!

Mwalimu Hyera alisimama pembeni, akilitazama darasa lake. Macho yake yalipita kwa mmoja, kwa mwingine, yakafika kwa Skola.

Miguu ya Skola ilikuwa tuli.

Nzi alitua puani. Skola tuli. Benigna akamtolea ulimi. Skola tuli!

Mwalimu Hyera alishangaa. Kisha akatabasamu. Skola aliliona lile tabasamu, na moyo wake ukaruka. Kamba ni yangu! Kamba ni yangu!

Kwii, kwii, kwii. Bendera ilianza kupanda. Ilikuwa imenywea, imejikunja, inaning'inia tu.

Skola aliyapa macho yake kazi. Alianzia juu, karibu na mlingoti.

Kijani shamba...

Eh!

Juu hapakuwa na kijani. Juu palikuwa na buluu!

Skola alitazama tena. Buluu juu, kijani chini. Osmundi alikuwa ameifunga bendera kichwa chini, miguu juu!

Nani mwingine ameona? Skola alisikiliza. Kimya. Walimu walikuwa wanawatazama watoto, na watoto walikuwa wanawatazama walimu.

Kwii, kwii, kwii. Bendera ilizidi kupanda.

Akinyamaza, kamba ni yake. Akitikisika, kamba imekwenda.

Skola aliuma mdomo. Aliitaka ile kamba! Lakini bendera ilikuwa inapanda vibaya, na mashamba yote ya Bibi yalikuwa chini, na ziwa lilikuwa juu angani.

Aliitazama miguu yake. "Haya," aliinong'oneza. "Nendeni."

Tiki-tiki-ta! Tiki-tiki-ta!

Skola alikimbia mpaka kwenye mlingoti. "Mwalimu! Kijani juu! Kijani ndiyo inakaa juu!"

Shule nzima iligutuka. Popi akabweka. Mama wa ndoo barabarani akapiga chafya, maji mwaaa!

"Skola!" aliita Mwalimu Hyera. Kisha akainua macho. Akaitazama bendera. Akaitazama tena.

"Loo! Osmundi, shusha! Shusha polepole, isiguse chini!"

Kwii, kwii, kwii. Bendera ilishuka. Osmundi aliona haya mpaka masikioni. "Samahani, Mwalimu. Niliifunga kwa haraka."

"Sote tulikuwepo," alisema Mwalimu Hyera, "na hata mimi sikuona."

Osmundi aliifungua, akaigeuza. Kijani juu. Buluu chini. Sasa sawa!

Skola alirudi kwenye mstari. Miguu yake iliburuzika. Alijua kamba imeshakwenda.

"Skola alitikisika!" alisema Benigna kwa nguvu. "Mwalimu, nimemwona! Alikimbia!"

"Ni kweli, alikimbia," alisema Mwalimu Hyera. "Benigna, kwa nini tunasimama tuli?"

Benigna alikuna kichwa. "Ili... ili tusipigiwe kelele?"

Walimu wote waliangua kicheko.

"Tunasimama ili tuiheshimu bendera," alisema Mwalimu Hyera. "Na leo aliyeiheshimu kuliko sisi wote ni yule aliyeitazama. Skola, njoo hapa."

Skola alikuja.

"Zamu yetu ni wiki ijayo. Lakini bendera iko chini sasa hivi, na kamba inataka mtu."

Skola hakuelewa. Kisha akaelewa!

"Mimi, Mwalimu?"

"Wewe!"

Osmundi alimpa kamba. Ilikuwa ya baridi, tena nzito kuliko alivyodhani. Skola aliishika kwa mikono miwili.

Piiiii!

Shule nzima tuli. Baba wa baiskeli tuli. Mama wa ndoo tuli, amelowa chapachapa. Na Popi? Popi alikaa chini, mkia tuli!

Skola alivuta. Kwii! Akavuta tena. Kwii, kwii!

Bendera ilipanda. Ikalipita paa. Ikaupita mparachichi. Ikafika juu kabisa.

Na hapo upepo ukaja.

Pata-pata-pata! Bendera ilifunguka yote. Na watoto wote, safari hii, waliitazama juu.

Kijani shambani,
njano ardhini,
nyeusi ni sisi,
buluu majini!

Skola alicheka kwa furaha mpaka meno yote yakaonekana, na pengo la jino lililong'oka pia. Kule juu bendera ilikuwa inacheza. Huku chini miguu yake ilikuwa tuli, na hakuna aliyeiambia itulie.

Jioni filimbi ililia tena. Bendera ikashuka. Skola na Osmundi waliikunja vizuri, ikaenda kulala kabatini.

Usiku Skola naye alipanda kitandani. Alimsimulia Bibi habari yote. Kisha akaisimulia upya, kwa sauti kubwa zaidi.

"Halafu upepo ukaja, Bibi! Halafu pata-pata-pata!"

"Nimesikia, mjukuu wangu. Sasa lala."

Bibi alizima taa. Giza. Kimya.

Chini ya blanketi, tiki-tiki-ta! Tiki-tiki-ta!

Bibi aliweka vidole mdomoni. Akapuliza polepole sana.

Piii.

Mguu wa kulia ukatulia. Wa kushoto ukatulia.

"Kijani shambani," alinong'ona Skola. "Njano ardhini. Nyeusi ni..."

Hakumaliza. Alikuwa ameshalala, tuli kabisa.

"Ni sisi," alimalizia Bibi, akamfunika vizuri.