Upana wa Mtu Mmoja

Lupe alitandika mikeka miwili ikiwa imegusana, wake na wa mumewe Ropati, na asubuhi akaikuta imeachana. Nafasi iliyobaki katikati ilitosha mtu mmoja kulala. Akasingizia upepo wa kisiwa chao cha Savai'i, maana nyumba yao haikuwa na kuta.

Kesho yake yakawa yale yale, na sasa nafasi ile ilinukia langilangi, ua ambalo halikuota popote kijijini. Ropati alilala ubavu, mkono wake umeinuka hewani, umekumbatia patupu.

"Ropati," akanong'ona. "Umemshika nani?"

"Si wewe? Hebu lala, mke wangu."

Lupe hakulia. Kuna siku mume alimchekea hadi jioni, na siku alimpita kama nguzo ya nyumba, naye alishachoka hata kuumia. Alichotaka ni kushikwa yeye.

Mbele ya nyumba lilikuwapo kaburi la Mele, mke wa kwanza. Juu ya saruji yake Lupe alianika nguo kila siku.

Akamwendea Bibi Taligi, mganga, ambaye hakuuliza mengi. "Mwenzio hana raha huko chini, mizizi imemwingia. Tumfukue, tumpake mafuta." Akamsogelea sikioni. "Yakibaki, mwanangu, yaishie hapo kaburini. Hata tone lisiingie ndani ya nyumba."

Wakabandua saruji, wakafukua alasiri, na kweli mzizi ulikuwa umepenya mbavuni, Bibi Taligi akaung'oa, Ropati akageuka pembeni analia, na Lupe, moyo umekufa ganzi, akachukua mafuta ya nazi akaipaka mifupa mmoja mmoja, fuvu, mikono, vidole vilivyomshika mumewe kabla ya vyake, mpaka ikang'aa, ikarudishwa, kaburi likafunikwa, mafuta yaliyobaki yakamwagwa, naye akafanya kile afanyacho kila mwanamke wa pale mikono ikiwa na mafuta: akajifutia nyweleni.

Asubuhi mikeka ilikuwa imegusana. Mkono wa Ropati ulikuwa kiunoni pake, mzito, wenye joto. Lupe akaingoja furaha, haikuja. Langilangi ilinukia ndani ya chandarua. Akanusa mto, akamnusa mume, mwisho akanusa nywele zake mwenyewe.

Ropati akamvuta karibu zaidi.

"Ulikuwa wapi siku zote, Mele wangu?"

Lupe alitaka kumtajia jina lake. Mdomo ukafunguka, ukajibu kwa sauti ambayo hakuwahi kuisikia.

"Nilikuwa hapa hapa katikati, mume wangu."